Maoni: Mchoro wa maji ya watu usitoke kwenye programu ya wizi

WAMAZA, Maniema – Mradi wowote unaofika Wamaza huanza na karatasi. Kabla mchanga haujachotwa, kabla lori la saruji halijakwama kwenye matope ya njia ya Kasongo, kuna mtu aliyeketi mbele ya kompyuta akachora. Amechora ukuta wa shule, au nguzo za daraja, au mabomba yanayoshuka kutoka chanzo cha maji mlimani mpaka penye makazi ya wakaaji na ya familia zilizokimbia vita.

Mradi ukifika, watu huuliza mengi. Huuliza nani amepata kibarua, mfuko wa saruji umenunuliwa bei gani, pesa zimepita mikononi mwa nani. Swali moja haliulizwi: ile programu iliyochora mchoro ilitoka wapi?

Jibu linajulikana. Mara nyingi ilitoka kwenye flashi. Kijana aliyesoma ujenzi aliipata kwa mwenzake chuoni, au aliilipia franka chache kwenye kibanda cha kutoa kopi, tayari kufuli lake limevunjwa. Hakuna leseni, hakuna jina la mwenye kuinunua, hakuna njia ya kuisasisha. Kwa programu hiyo ndiyo anapiga hesabu ya maji ambayo watoto watakunywa.

Desturi hii imefika wakati wa kuachwa. Sababu si kuwahurumia matajiri wa ng'ambo wanaouza programu. Sababu ni kwamba hasara inaishia kwa mkaaji wa Wamaza na kwa mhami aliyefika na mwana mgongoni. Tena leo iko njia ya halali, na kwa sehemu kubwa ya kazi zinazofanyika huku, njia hiyo haina malipo.

Programu iliyovunjwa inavyofanya kazi

Programu inayojulikana kuliko zote kwa michoro ya ujenzi ni AutoCAD, ya kampuni ya Autodesk ya Marekani. Ilitoka kwa mara ya kwanza mwaka 1982. Zamani mtu aliweza kuinunua mara moja akabaki nayo. Tangu mwaka 2016 kampuni hiyo imeacha kuuza leseni mpya za namna hiyo; sasa mtu hulipia muda. Bei inayotangazwa Marekani inakaribia dola 2,000 kwa mwaka. Fundi wa Kabambare akisikia bei hiyo anacheka, kisha anatafuta flashi.

Ila angalia masharti yanayokuja na flashi ile. Kwa kawaida kuna karatasi ndogo ya maelezo yenye amri tatu: zima antivirusi, kata intaneti, usisasishe kamwe. Mtu akiuziwa dawa sokoni na kuambiwa asimwonyeshe muuguzi, asisome karatasi iliyo ndani ya boksi, na asirudi tena dukani, ataimeza? Kwenye kompyuta watu wanameza kila siku.

Kusasisha si urembo. Programu ni kazi ya binadamu, nayo ina makosa. Wenye kuitengeneza wanapogundua kosa, wanatoa masahihisho. Wanapogundua tundu ambalo virusi vinaingilia, wanaliziba. Mwenye leseni anapata masahihisho hayo. Mwenye programu ya wizi anabaki na makosa yote ya siku ile kufuli lilipovunjwa, na tundu liko wazi. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Huyu amekatazwa hata kuugusa ufa.

Ugonjwa huu si wa Kongo peke yake. Umoja wa makampuni ya programu unaoitwa BSA ulikadiria kwamba mwaka 2017 programu 37 katika kila 100 zilizokuwa kwenye kompyuta duniani hazikuwa na leseni. Ila ugonjwa kuwa wa wengi hauufanyi kuwa afya.

Maji ya watu 1,000, midomo ya watu 1,600

Chukua mfano ambao kila mtu Wamaza anaweza kuufuata. Kanuni za kimataifa za msaada, zinazoitwa Sphere, zinaagiza mtu mmoja apate angalau lita 15 za maji kwa siku, na bomba moja la kuchotea lisitumiwe na watu zaidi ya 250.

Tuseme mtandao wa maji umechorwa kwa watu 1,000. Hesabu ni nyepesi: lita 15,000 kwa siku, mabomba 4. Mabomba yamewekwa, wageni wamekuja, picha zimepigwa, shirika limefunga mradi na kuondoka.

Mwaka unaofuata risasi zinalia upande mwingine wa wilaya. Familia 120 zinafika, kila moja na watu 5. Hao ni watu 600. Sasa wako 1,600. Mahitaji yamepanda mpaka lita 24,000 kwa siku, na mabomba yanayotakiwa ni 7. Tena si kuongeza mabomba tu. Maji yakipita mengi zaidi kwenye mpira uleule, msuguano ndani yake unaongezeka kwa nguvu zaidi kuliko maji yenyewe. Kwa mfano huu, maji yameongezeka kwa zaidi ya nusu kidogo, lakini nguvu inayopotea njiani imeongezeka zaidi ya mara mbili. Walio karibu na tangi watachota. Aliye mwisho wa mpira atasikia upepo tu unatoka bombani.

Na nani huwa mwisho wa mpira? Mara nyingi ni yule aliyefika wa mwisho, aliyepewa nafasi ya kujenga kibanda pembeni kabisa. Mhami.

Hapo ndipo faili ya mchoro inatafutwa. Ikipatikana na ikifunguka, fundi anabadilisha idadi ya watu, anaiacha kompyuta ipige hesabu, anaona ni mpira gani ubadilishwe na tangi liongezwe kiasi gani. Ni kazi ya mchana mmoja. Isipofunguka, watu wanaanza kubahatisha: huyu anasema ongeza bomba hapa, yule anasema chimba pale, mwishoni akina mama wanapigania ndoo alfajiri, mwenyeji na mhami wanatazamana kwa jicho baya. Ugomvi unaanzia kwenye maji, lakini mzizi wake uko kwenye faili.

Faili zisizofunguka, faili zinazoibwa

Faili hazifunguki kwa sababu zinazojulikana. AutoCAD imebadilisha namna ya kuhifadhi michoro mara nyingi. Mchoro uliohifadhiwa kwa namna ya mwaka 2018 haufunguki kwenye programu ya mwaka 2010. Fundi wa Kindu ana moja, wa Kasongo ana nyingine, wa Wamaza ana ile ya zamani zaidi kwa sababu kompyuta yake haibebi nzito. Wote watatu wana programu ya wizi, hakuna anayeweza kusasisha yake, hakuna anayeweza kumpigia simu mtengenezaji. Mchoro mmoja unachorwa mara tatu, na kila mara kipimo kimoja kinabadilika bila mtu kuona.

Kuna pia virusi. Mwezi wa Juni 2012 kampuni ya usalama wa kompyuta ya ESET ilitangaza kwamba imegundua kirusi kilichotengenezwa kwa ajili ya AutoCAD hasa. Kilienea zaidi nchini Peru. Kilikuwa kinajinakili ndani ya folda za michoro, kikisafiri na michoro hiyo kutoka mkono hadi mkono, na kilituma nakala za michoro ya watu kwenye anwani za barua pepe nchini China. Michoro iliyoibwa ilihesabiwa kwa makumi ya maelfu. Ofisi yenye antivirusi inayofanya kazi na programu iliyosasishwa ilikuwa na kinga. Ofisi iliyoambiwa "zima antivirusi" ingejikinga kwa nini?

Wengine watasema: Wamaza kuna siri gani ya kuiba? Iko. Ramani inayoonyesha familia zilizohama zimelala wapi, njia gani wanapita kwenda mashambani, ghala la chakula liko upande gani, si karatasi ya kuokotwa na yeyote. Katika wilaya yenye watu wenye silaha, ramani hiyo ni uhai wa watu.

Ukweli usemwe wote: leseni peke yake haileti akili. Tarehe 23 Agosti 1991, nchini Norway, jukwaa la mafuta la Sleipner A lilizama baharini wakati wa majaribio. Wahandisi wake walikuwa na zana za kompyuta za kisasa. Uchunguzi ulionyesha kwamba hesabu ilipangwa vibaya ndani ya kompyuta, na nguvu zilizokuwa zikisukuma kuta zilikadiriwa pungufu kwa asilimia 47. Hakuna aliyekufa, lakini hasara ilihesabiwa kwa mamia ya mamilioni ya dola. Kwa hiyo hata mwenye zana halali anapaswa kurudia hesabu kwa kalamu na kumpa mwenzake aikague. Basi yule ambaye zana yenyewe hajui nani aliigusa kabla yake, aangalie mara mbili zaidi.

"Wao wametuibia, acha na sisi tuchukue"

Hoja hii husikika sana, na si hoja ya kupuuzwa. Maniema imetoa dhahabu, imetoa kasiterite, imetoa pembe za ndovu na hata watu tangu enzi za misafara. Mtu anauliza: kampuni ya Marekani ikikosa dola chache kutoka Kabambare, itakufa njaa?

Haitakufa. Ila deni la historia halilipwi hivyo. Programu ya wizi haimrudishii mkaaji wa Maniema gramu moja ya dhahabu. Inachofanya ni kumfunga kijana wa hapa kwenye bidhaa ya kampuni ileile anayoilaumu. Anajifunza programu moja tu, kwa njia ya giza. Hawezi kuiandika waziwazi kwenye barua ya kuomba kazi, na siku shirika likimwomba aonyeshe leseni anabaki kuangalia chini. Akifungua ofisi yake mwenyewe, hawezi kuandika gharama ya zana kwenye bei anayoomba, kwa sababu zana si yake. Hivyo anauza kazi yake kwa bei ya chini, miaka yote.

Tena Wakongo wanajua vizuri uchungu wa kunakiliwa. Nchi hii imelisha muziki Afrika nzima, na wanamuziki wake wengi wamezeeka bila kitu huku nyimbo zao zikiuzwa kwenye flashi sokoni kwa bei ya andazi. Sheria ya tarehe 5 Aprili 1986 juu ya haki za watunzi iliwekwa ili kuwalinda watu hao. Anayelia mwanamuziki wa Kongo akiibiwa, kisha akacheka mtengeneza programu akiibiwa, anapima kwa mizani miwili.

Hoja ya pili ni pesa, na hiyo ina jibu jepesi zaidi.

Zana za halali zisizo na malipo

Kwa maji, iko EPANET. Ilitengenezwa na idara ya serikali ya Marekani inayosimamia mazingira, ikatolewa mwaka 1993, na ni mali ya umma: mtu yeyote anaweza kuitumia na kuigawa bila kulipa. Ni nyepesi, ina toleo la Kifaransa, na ikishaingia kwenye kompyuta haihitaji intaneti. Hesabu ile ya watu 1,000 na watu 1,600 ndiyo kazi yake hasa. Mtu anayeiba programu ya maji wakati EPANET ipo ni kama mtu anayeiba maji pembeni ya mto.

Kwa michoro ya majengo iko LibreCAD, inayochora ramani za bapa, na kompyuta ya zamani inaibeba. Kwa vitu vya kuonekana pande zote iko FreeCAD, ambayo ilianza mwaka 2002 na kufikia toleo lake la 1.0 mwezi wa Novemba 2024. Kwa ramani za ardhi, njia na vijiji iko QGIS, iliyoanza pia mwaka 2002, na sasa inatumiwa na serikali, vyuo na mashirika ya misaada duniani kote. Zote zinazungumza Kifaransa. Zote zinasasishwa bila malipo.

Zina upungufu wake. LibreCAD haifungui vizuri kila mchoro wa AutoCAD. Inafaa kumwomba mwenzako auhifadhi kwa namna ya DXF, ambayo programu nyingi zinaielewa. Anayechora jengo kubwa la ghorofa atahitaji zana nzito zaidi. Ila shule ya vyumba sita, kituo cha afya, daraja dogo la mbao, mabomba ya mtaa mmoja: nyingi ya kazi hizi zinawezekana.

Wanafunzi nao wana mlango wao. Autodesk inawaruhusu wanafunzi na walimu wa vyuo vinavyokubaliwa kutumia AutoCAD bure kwa kujifunza, na ruhusa hiyo huombwa upya kila mwaka. Masharti yake ni ya kuheshimiwa: ni ya darasani, si ya kazi ya kulipwa. Kwa miaka mingi mchoro uliotoka kwenye leseni ya mwanafunzi ulichapwa na maneno pembeni yakisema hivyo, na mafundi wengi waliaibika nayo mbele ya mteja.

Linabaki tatizo la mega. Kupakua programu kubwa kwa simu, hapa ambapo mtandao unakuja na kuondoka na umeme ni wa paneli za jua, ni gharama. Na hapa ndipo desturi ya flashi inapata heshima yake. Leseni za LibreCAD, FreeCAD na QGIS zinamruhusu mtu kunakili na kumpa jirani. Mmoja akifika Kindu au Kasongo penye mtandao mzuri, apakue kwenye tovuti ya wenyewe, aweke kwenye flashi safi, arudi nayo Wamaza na kuwagawia mafundi 20. Hajaiba kitu. Baada ya miezi kadhaa mwingine alete toleo jipya, na wote wamesasisha. Kugawana hakukuwa na kosa tangu mwanzo. Kosa lilikuwa kwenye kitu kilichogawanywa.

Kila mmoja na sehemu yake

Mashirika yanayoleta miradi yana sehemu kubwa. Bajeti ya mradi inahesabu mafuta ya gari, chakula cha semina na kofia zenye alama ya shirika. Iweke pia mstari wa programu, au iseme wazi kwamba kazi itafanywa kwa zana huru. Mradi ukifungwa, faili zenyewe zibaki kwa wakaaji, si karatasi iliyochapwa peke yake.

Serikali nayo. Mpango wa maendeleo ya wilaya 145, ambamo Kasongo na Kabambare zimo, ni wa kujenga shule, vituo vya afya na majengo ya utawala. Idara kama Office des Routes na ile ya maji ya vijijini zinapokea michoro. Zikianza kudai namna ya faili inayofunguka kwa wote na jina la aliyepiga hesabu, mafundi watafuata haraka.

Vyuo vya Kindu na Kasongo, pamoja na shule za ufundi, vifundishe EPANET na QGIS sawa na vinavyofundisha kupima kwa kamba. Mwalimu anayegawa programu iliyovunjwa darasani anafundisha masomo mawili kwa saa moja, na la pili ndilo linalokaa kichwani.

Na kamati za maji, zile za wenyeji na za wahami, zisiogope kwamba hazikusoma uhandisi. Mradi ujao ukiletwa, kabla ya mwenyekiti kupiga sahihi, waulize maswali matatu. Mchoro huu umetengenezwa kwa programu gani, na je, ni ya halali? Nani amepiga hesabu, na nani ameikagua? Faili itabaki kwa nani hapa Wamaza, na watu wakiongezeka, itafunguka kwenye kompyuta gani? Majibu yaandikwe kwenye daftari la kamati pamoja na tarehe, na daftari likae kwa mama anayeshika ufunguo wa bomba.